Mashine Ikinyamaza

Mimi ndiye niliyepiga chapa.
Miaka thelathini na mmoja, Roma, ghorofa ya tatu,
juu ya dobi aliyechemsha mvuke tangu alfajiri
hadi karatasi zangu zikajikunja kama majani ya kabichi.

Delio Santacroce alitembea.
Ottavio Brusin alilala chali sakafuni,
visigino juu ya kiti, kofia juu ya uso:
"Nikisimama damu hushukia miguuni,
na miguu haina mzaha."

Mmoja alianza sentensi, mwenzake akaimalizia,
nami katikati na vidole kumi, siulizwi.
Waliniajiri kwa sababu moja tu: sicheki.
Baba yangu alichonga majina ya marehemu kwenye mawe;
kwetu kicheko kilipiga hodi, kikakaa kidogo, kikaaga.

Basi wakanifanya mizani.
Mashine ikiendelea kugonga, mstari ungali mbichi.
Mashine ikinyamaza, hata kwa pumzi moja,
Ottavio aliinua kofia:
"Umeiva. Usiuguse."

Filamu ya kwanza ilihusu padri
aliyeshinda nguruwe kwenye bahati nasibu.
Walilipwa matairi manne na ahadi.
Matairi yalidumu.

Ya sita ndiyo iliyowatoa. Watu walipanga foleni mvuani
kumwona mjane anayewakodishia wachumba wake
chumba kimoja, kila mmoja kwa zamu ya saa.
Delio alinunua gari jekundu.
Ottavio alinunua zulia la kulalia.

Kisha ikaja ile ya hoteli, na ugomvi.
Mhudumu amemwaga supu mapajani mwa waziri.
Je, aseme "samahani", au asiseme kitu?
Hilo tu. Miezi minane hawakusemezana,
na chumba ni kile kile, na dirisha moja.

"Signora Nerina, mwambie anayelala
kwamba mtu maskini huomba radhi."
"Signora Nerina, mwambie anayetembea
kwamba maskini amechoka, na viatu vyake vinanichosha mimi."
Nami nilikuwa nimekaa mita mbili kutoka kwa kila mmoja,
nikirudia maneno ambayo wote wawili walikwisha kuyasikia.

Usiku wa kuamkia siku ya kuwasilisha muswada
nilibaki peke yangu na ukurasa wa sabini na nne.
Asubuhi ukasomeka hivi:
*Mhudumu anafumbua mdomo. Anaufumba.
Anachukua kijiko, anaionja.*

Delio alisoma, akafikiri Ottavio amelegeza kamba.
Ottavio alisoma, akafikiri Delio ameona haya.
Hakuna aliyeuliza. Saa nne walishuka pamoja kunywa kahawa,
wakarudi wamegombania nani alipe,
nikajua mambo yametengemaa.

Sinema nzima ilipasuka kwa kile kijiko.
Wachambuzi walikiandikia kurasa.
Mimi nilikuwa nimekaa safu ya nyuma, nimevaa koti,
nikiangalia visogo vinavyotikisika.

Sasa Ottavio ana mwaka na miezi kaburini.
Jiwe lake nilimchagulia mimi, najua mawe.
Zulia lingalipo. Delio hulizunguka, halikanyagi,
husema mstari wake, kisha hungoja,
nami hugonga nafasi tupu, tupu, tupu,
mpaka atakapoendelea.

Jana alisimama dirishani, mvuke wa dobi ukipanda.
"Unajua," akasema, bila kugeuka,
"katika yote tuliyoandika, ningechoma mengi.
Kile kijiko nisingekichoma.
Kilikuwa cha Ottavio, na kichwa ngumu yule
amekufa bila kukiri."

Mashine ikanyamaza.

Delio akageuka, taratibu,
akanitazama mikono.